Gundi

Mimi ndiye mfutaji. Manispaa hunilipa
kila tarehe ishirini na saba:
ndoo mbili, brashi ya waya, ngazi ya alumini
na kofia yenye nembo ya jiji.
Hakuna ukuta wa Sant'Agnese usioujua mkono wangu.

Mara ya kwanza Ersilia Caforio alichora mapafu
kwa makaa, ukuta mzima wa posta,
mapana kama milango ya ghala.
Nikafuta. Nusu siku.

Mara ya pili aliandika majina
na umri: miaka saba, miaka minne,
miezi kumi na mmoja.
Nikafuta. Tarakimu hutoka upesi kuliko majina,
sijui kwa nini.
Mkono mtupu haulambwi, nikamwambia,
nina watu mezani.
Akaniletea kahawa pale pale ngazini. Hakusema neno.

Mara ya tatu sikuona kitu.
Walinzi walimkuta usiku wa manane
chini ya ukuta wa forodha,
na kopo la maji mazito yasiyo na rangi.
Wakamulika tochi: ukuta mweupe.
Wakapapasa: unanata kidogo.
Waandike nini?
Mwanamke kapaka kisichokuwepo?
Wakamwachia.
Asubuhi nikapita na ndoo zangu,
nikasimama, nikapiga mluzi, nikaenda zangu.

Siku nne hewa ilitulia.
Ya tano upepo ukageuka, ukatoka upande wa tanuri,
na hapo kila mtu anajua la kufanya:
nguo zianuliwe, shule ifunge madirisha,
tungoje vumbi la chuma lishuke,
jekundu, laini kama poda,
juu ya magari, juu ya malimau,
juu ya makaburi, ambako marumaru
siku hizi ina rangi ya ufizi.

Likashuka.
Na ukutani likashika.
Kwanza paji la uso. Kisha sikio.
Kufika adhuhuri watu kumi na tisa walikuwa wamesimama pale,
warefu kuliko mlango wa forodha,
nyuso zao za vumbi lile lile lililowazika.
Cosima wa duka la mkate alimwona mumewe,
akamkemea kwa mazoea:
viatu, vua mlangoni!
Kisha akaketi chini, barabarani.

Mkurugenzi wa kiwanda alikuja na gari refu.
"Nani kachora hivi?"
Ersilia alikuwa kizingitini anamenya chungwa.
"Mimi nilipaka gundi tu," akasema.
"Rangi ni yenu."

Nikaitwa.
Nikapanda. Wa sita kutoka kushoto
alikuwa Cataldo, ndugu yangu.
Pengo la meno lipo, hata hilo alilikumbuka.
Nikalowesha brashi.

Nilisugua, nisikudanganye.
Nilisugua anga juu ya vichwa vyao,
nikasugua nafasi kati ya bega na bega,
polepole, kwa saa zote sita nilizolipwa,
hadi kila mmoja akabaki amejitenga, kingo safi,
asiwepo wa kusema hakumwona.

Barua ya onyo nimeiweka jikoni, kando ya dirisha.
Jana niliigusa kwa kidole.
Imeanza kuwa nyekundu.