Zisizolia

Kwanza waliandika "jangwa."
Ndivyo inavyoanza: kabla ya mzinga, kalamu.
Mzungu wa ramani alifika Kibiboni maji yamekupwa,
akauona uwanda mweupe nyuma ya mikoko,
udongo umepasuka kama kisigino cha mkata kuni,
akaandika: tupu. Hakuna mtu. Panafaa.

Hakungoja bamvua.
Angengoja angewaona akina mama na majembe yao mafupi
wakikwangua chumvi, vibwebwe viunoni,
wakitukanana kwa Kidigo na kucheka.
Hata sisi tulipaita jangwani, si uongo.
Ila kwetu jangwani ni mahali pa kwenda kazini.

Baba alipewa bendera.
Mbelwa Semkiwa, mpandisha bendera wa shabaha,
chini ya wageni, kisha chini ya wenyewe,
maana bendera ya bomani ilibadilika
na ile nyekundu haikubadilika.
Akiipandisha, watu watoke.
Akiishusha, warudi na ndoo.
Baina ya hayo alikaa handakini na daftari,
vidole masikioni, akihesabu kwa kifua.

Zilizorushwa: arobaini.
Zilizolia: thelathini na saba.
Jibu hakuandika. Aliacha nafasi,
kama mtu anayemwekea mgeni kiti.

Mama alitwangia hiliki ndani ya ganda la shaba.
Hadi leo chai ya watu wengine
naiona haina kitu, haina ile njiti ya kiberiti iliyozimwa.

Kuna ukurasa mmoja mwandiko umeinama:
"Jumapili. Bendera haikupanda. Imelia moja."
Basi.
Daftari la serikali halikuwa na safu ya majina.
Jina ni shangazi Mwanamkasi.
Jembe lake lilikutwa juu ya mkandaa,
limetundikika vizuri, kama mtu aliyekwenda kunywa maji.
Jumatatu baba alirudi kazini.
Nilimchukia miaka kumi kwa Jumatatu ile.
Sasa nafikiri alikuwa akizitafuta.

Mimi napima vyuma chakavu, Ngamiani, barabara ya kumi na tano.
Bawaba, rimu, meno ya korona ya mkonge iliyokufa.
Juzi akaja kijana, Hizza, na baiskeli,
kiroba cha chumvi kwenye keria.
Akakitua juu ya mizani, pu!
Kilo kumi na nne.
Nikafungua.
Sijapata kuona kitu kikinyamaza namna ile.

"Umeitoa wapi?"
"Jangwani."
"Upande upi?"
"Penye mkandaa uliopinda."

Mkandaa huo baba ameuandika.
Machi, bamvua kubwa, ya sita haikulia.
Mwaka huo nilikuwa naota meno.

Nikasema kwa sauti ya kulaza mtoto:
Hizza, rudi nyuma. Usinipe mgongo.
Kinyumenyume, kama unavyotoka mbele ya wakwe.
Mtaa mzima tuliuhamisha kwa minong'ono,
hadi muuza kahawa na makaa yake.

Wanajeshi walikuja magharibi.
Waliibeba kwa mikono miwili, kama kichanga cha arobaini,
wakairudisha kwao.
Alfajiri nilikuwa nimekaa kitandani, kiganja kifuani.
Ikalia.
Nikachukua kalamu, nikaandika: imelia, bila mtu.
Nikatoa moja.
Zimebaki mia na kumi na mbili,
kama hesabu ya baba ni sahihi,
na baba alikuwa mtu wa kusinzia.

Mchana Hizza akarudi, kofia mkononi.
"Mama, na zile kilo zangu kumi na nne?"
Nikamhesabia. Bei ya chuma, si ya shaba.
Akalalamika.
Nikamwambia kesho usiende jangwani.
Akatazama noti, akatazama baiskeli,
akauliza bamvua ni lini.