Nilikuwa Chini ya Sakafu

Andika polepole, anasema Sikolia,
na mimi naandika polepole,
si kwa uzito wa maneno yake
ila biro ni moja, nimeiazima bloku B
hadi kengele ya hesabu.

Katika Mahakama Kuu, Bungoma.
Ombi la kufufua ombi.
Neno hilo, kufufua, analirudia mdomoni
kama mtu anayeonja chumvi.

Mimi, Pius Sikolia Makhanu, mtu mzima, mwenye akili timamu,
naapa na kusema:
kwamba tarehe kumi na mbili, saa moja na dakika arobaini asubuhi,
niliteremshwa kwenye karandinga
nikaingizwa seli iliyo chini ya mahakama namba mbili,
watu kumi na tisa, ndoo moja;
kwamba dari ya seli ndiyo sakafu ya mahakama,
na kila kiti kilichoburutwa huko juu
kiliburutwa utosini mwangu;
kwamba saa nne, kwa dakika tatu,
ombi langu lililongoja miaka sita
lilitupiliwa mbali
kwa sababu mwenyewe hakufika.

Hakufika!
Anacheka hadi kikohozi kinamkamata.
Ningefika wapi tena?
Ningetoboa saruji kwa kichwa?

Nangoja atulie. Hasira haina aya katika hati ya kiapo.
Naandika namba ya daftari la seli,
jina la koplo aliyetia sahihi,
na kwamba karani, kwa haraka au kwa kukosa miwani,
alisoma Sikuku palipoandikwa Sikolia.

"Weka na hili," anasema. "Kwamba niliitika."

Biro inasimama.
Uliitika, mzee?

Anatazama mabati. Mvua ya alasiri inaanza,
ile ya Bungoma isiyobisha hodi.
Kwao Kimaeti mahindi yamefika kiunoni,
Nelima mkewe anapalilia kipande kilichobaki
baada ya kingine kuuzwa kumlipa wakili
aliyekuja mara moja, akaacha kadi.

"Nilisikia Sikuku ngazini," anasema mwishowe.
"Nikajua huenda ni mimi.
Lakini humu, mwanangu,
anayeitikia jina la mwenzake
hubeba na kifungo chake."

Nalikata niliitika.
Naandika: nilisikia, nikanyamaza,
kwa kuwa nilifundishwa kunyamaza,
na aliyenifundisha ni serikali.
Naikata hiyo ya mwisho.
Kisha nairudisha, kwa herufi ndogo.

Kidole gumba hakina herufi za kukosewa.
Anakibonyeza kwenye wino wa bluu,
anakishusha penye nukta nukta,
anakishikilia hapo kupita kiasi
kama anayezuia mlango usifungwe.

Kengele.
Tunachuchumaa wawili wawili kwenye tope.
Askari anafuata orodha kwa kidole,
anakwama, anasoma: Pius Siko... Siku...

Niko, anasema mzee,
kabla jina halijaisha.
Niko, afande.