Dakika Tisa

Kila Agosti, jua likishayaachia mawe ya Orolai,
tunatundika shuka tatu kwenye ukuta wa ushirika wa jibini.
Bonaria alizishona mwenyewe;
mshono wa kati hupita juu ya pua ya kila mwigizaji.

Filamu ni ileile. Mchungaji Barore anafufuka
kudai jibini kumi na mbili alizokufa akizidai.
Kinyozi wetu ndiye aliyeiongoza, kwa kamera ya kuazima,
na kondoo wanaitazama kamera kuliko watu.
Roma waliicheka usiku mmoja wakaisahau.
Sisi tumeicheka miaka hamsini, hatujamaliza.

Maana Barore anapoinuka, udongo masharubuni,
kusema, "Hata kaburini nahesabu,"
uwanja mzima humtangulia kwa pumzi moja,
padri na watoto wasiojua kusoma.

Neno hilo lilishuka kutoka kwenye shuka likahamia mitaani.
Mwenye bucha hulisema akitazama mizani.
Wajane huwaambia mawakili.
Torino, kiwanda cha magari, foleni ya supu,
baba yangu alilinong'ona peke yake
na mgeni akageuka, macho yamemlowa:
"Wewe wa kwetu?"
Wakala meza moja miaka kumi na sita.

Lakini mkanda una tundu. Taa ililipuka mwaka wa themanini na moja
ikala dakika tisa.
Barore anabisha hodi kwa mdaiwa.
Weupe.
Kisha asubuhi, na mbwa kalala kizingitini.

Hapo ndipo tunapotazama hasa.
Zuannica husimama ndani ya ule weupe,
kivuli chake kirefu kuliko kanisa, akawa mdaiwa.
Mwaka juzi alilia. Mwaka jana alimlipa mfu risiti bandia.
Ng'ambo ya bonde wanaapa alifukuzwa kwa ufagio;
kuna uchumba umevunjika kwa ajili ya ufagio huo.

Majuzi akaja kijana wa makavazi, glavu mkononi:
nakala nzima imeonekana Genova, stoo ya mtu.
Kikao kilikwenda saa nne.
Bonaria, aliyekuwa mke wa mfu,
aliyebaki peke yake katika wote wale, akaulizwa.
"Nakumbuka," akasema. "Nakumbuka vizuri sana."
Akafunga mkoba wake.

Tulipiga kura.
Kopo liko kwenye ghala la ushirika, rafu ya chini,
nyuma ya jibini zinazoiva.
Kila mtu anajua lilipo.