Nakala Mia Mbili

Mara ya kwanza alikuja na Katiba,
amelivika gazeti jalada lake kama kitabu cha shule.
"Ukurasa huu tu, kaka. Nakala kumi."
Nikamtoza mia mia. Biashara haina chama.

Jina nililijua baadaye: Aikande,
binti wa fundi cherehani wa Pasua,
miaka ishirini na miwili, raba za mtumba kutoka Mbuyuni,
wino wa biki haumtoki kidoleni.

Wenzake walikuwa na vipaza sauti.
Yeye alikuwa na daftari.
Wenzake wakipanda juu ya meza kuhutubia,
yeye hushika miguu ya meza isiyumbe.

Siku ya uchaguzi wa mtaa
alishinda kituoni na chupa moja ya maji.
Fomu ya matokeo ilipobandikwa mlangoni
akainakili, tarakimu kwa tarakimu,
kabla mkono haujatoka ndani kuibandua.
Hakuna aliyempiga picha.
Nani hupiga picha mtu anayeandika?

Asubuhi gari la matangazo likapita na namba nyingine.
Saa mbili akawa dukani kwangu, anahema,
akalaza karatasi juu ya kioo, akafunika.
"Mia mbili. Nusu nalipa sasa."
Nikachungulia nje. Mtaa ulikuwa mtaa tu:
muuza ndizi, bodaboda, harufu ya kahawa kutoka kiwandani.
Nikasema mashine imechoka.
Akasema, "Hata sisi."
Nikabonyeza.

Mwanga wa kijani ukapita chini ya kifuniko,
ukaenda, ukarudi,
kama mtu anayetafuta kitu uvunguni.

Alitoka na bahasha ndani ya kanga.
Wanasema alifika hadi mnara wa saa.
Wanasema aligawa hamsini. Wengine, tatu.
Wanasema gari halikuwa na namba.
Moshi hii, kila mtu ameambiwa na mtu.

Jioni mama yake akaja, futi ya kupimia bado shingoni.
Hakuniuliza kitu.
Aliniangalia mikono.

Mimi siasa siijui. Kwetu ni watu wa kunyamaza.
Kimya kina mshindo mkuu, alizoea kusema baba;
akafa kimya,
nami sikusikia mshindo wowote.

Usiku, nikifuta vumbi kabla ya kufunga,
nikainua kifuniko.
Karatasi ilikuwa pale, imelala kifudifudi.
Aliondoka na nakala, akasahau halisi.

Au hakusahau.

Mwandiko mdogo, namba zimenyooka,
na chini jina lake lote, herufi kwa herufi,
kama mtu asiyejua kwamba majina hutafutwa.
Au anayejua.

Wino uliobaki ni wa kurasa arobaini hivi.
Nimefunga mlango kwa ndani.
Mashine inapata moto.