Mti Usizidi Jiwe

Kanuni za makaburi ya Tornio, ukurasa wa tatu:
mti usizidi jiwe.
Ndiyo maana hapa tunapanda misonobari kibete,
inayorefuka upana wa kidole kwa mwaka,
na mwaka mbaya, upana wa ukucha.
Ninayo mia mbili na kumi na minne.
Naijua kwa namba, na kwa tabia.

Mbolea natoa Mei,
udongo ukilainika kiasi cha kuruhusu kidole.
Punje chache, zile zinazoyeyuka kwa uvivu,
nazihesabu kiganjani kama chenji ya mwisho wa mwezi,
nazitawanya mbali na shina, kule mizizi inakoishia.
Basi.
Mioto ya sikukuu ya Juhannus ikishazimika
hata unililie, sitoi.

Shibe mwana malevya.
Mti ulioshiba Agosti huchipua kilevi,
vidole laini vya kijani kichanga,
na usiku mmoja wa Septemba baridi inavipitia
vyote, bila kuuliza jina.

Nilimweleza haya Hilkka Ylitalo.
Akaitikia kama wanavyoitikia watu wa kaskazini,
"ndiyo" yake akiivuta ndani pamoja na pumzi.
Wiki ya pili nikakuta machicha ya kahawa
chini ya mti wa marehemu Taisto,
na juu yake samadi ya kuku
ya kutosha shamba la viazi.

"Alikuwa mtu wa kula," akasema.

Niliiondoa kwa kijiko.
Oktoba nikaunywesha ndoo tatu, polepole,
kabla ardhi haijafunga mlango,
kwa sababu msonobari haulali kama mibetula:
Machi, jua likirudi na kudunda juu ya theluji,
majani yanatoka jasho
na mizizi imebanwa ndani ya barafu, haina cha kupandisha.
Watu hupita, hutikisa kichwa, husema baridi imeuua.
Umekufa kwa kiu.

Kwa hiyo gunia, upande wa kusini, na vijiti vinne.
Hilkka akaleta skafu ya mumewe, ya sufu, yenye tundu,
akaizungushia gunia.
Haikuwa na kazi yoyote.
Niliiacha.

Theluji naipangusa kwa ufagio, kutoka chini kwenda juu,
kama unayemwinua mtu kwa kwapa.
Barafu siigusi. Tawi lililovaa barafu ni kioo.

Mei nikafungua gunia.
Kileleni palikuwa na chipukizi lisilofanana na ndugu zake:
limenyooka, majani marefu yaliyoachana,
damu ya babu wa msituni
iliyokuwa imejificha humo miaka kumi na moja.
Hutokea. Ukiliacha, linanyonya kila kitu,
na kibete kinageuka mti wa kawaida
wenye sketi kuukuu miguuni.
Dawa yake ni mkasi, mapema, kwenye kitako.

Nilikuwa nimeshautoa mfukoni.

"Taisto alikuwa na sentimita mia na hamsini na tisa,"
Hilkka akasema, akilitazama jiwe, si mimi.
"Siku ya harusi mpigapicha alimsimamisha juu ya kreti ya bia.
Kreti inaonekana.
Miaka arobaini na sita picha ile ukutani
na kila mgeni anaiona kreti."

Nikamwambia hilo chipukizi litaumaliza mti.
Akaivuta ndani "ndiyo" yake.
Hakuondoka.

Jiwe, sentimita sitini.
Mti, pamoja na kile kilele, sitini na mbili.
Katika daftari la ofisi, namba themanini na saba,
nimeandika hamsini na nane.
Utepe wangu ni wa kitambaa, wa zamani.
Siku za unyevu huvutika.