Kulabu ya Mlima Nebo

Daftari la kwanza halina jalada.
Ukurasa wa tatu, kwa kalamu ya risasi:
"Kodi ya chumba, dola kumi na moja.
Makaa ya mawe. Mishumaa.
Dada Odessa Tibbs, senti tano.
Ndugu Ezell, hana; amefagia."

Ndivyo lilivyoanza Kanisa la Mlima Nebo,
Detroit, mwaka wa baridi iliyopasua mabomba,
ndani ya duka la nyama lililofilisika.
Damu ilisuguliwa kwa magadi siku mbili,
harufu ikakaa hadi Pasaka.
Kulabu kumi na nne zilibaki darini,
na kwa kuwa msumari nao ni pesa,
waumini wakatundika makoti pale pale
palipokuwa paja la ng'ombe.

Walikuja kwa treni, toka Misisipi, toka Alabama,
kuku wa kukaanga katika boksi la viatu,
na barua ya binamu: njoo, kiwandani wanaajiri.
Binamu hakutaja tanuri.
Mchana walimimina chuma cha magari wasiyoweza kuyanunua;
Jumapili mikono ile ile, na malengelenge yake,
ikapiga makofi mpaka kioo cha dirisha kikaitikia.

Ezell hakutundika koti kamwe.
Alilipakata, mgongo kwa kulabu,
na hapana aliyemuuliza.
Kulikuwa na mti, kule kwao. Kulikuwa na kaka.
Daftari halisemi. Bibi ndiye aliyeninong'oneza,
nina miaka tisa, akinisuka nywele.

Kisha ikaja barabara kuu.
Serikali ilichora mstari kwenye ramani,
mstari ukapita katikati ya madhabahu.
Fidia: soma mwenyewe, ukurasa wa mia mbili na sita.
Mhazini aliandika tarakimu, akaikata, akaiandika tena,
kana kwamba ingeongezeka.
Siku ya tingatinga, Odessa, umri sabini na nane,
alipanda ngazi aliyokatazwa,
akang'oa kulabu moja kwa koleo
akaitia mkobani, pamoja na peremende.

Ikapigiliwa tena: jumba la sinema lililokufa,
miaka sita, bisi za kale chini ya viti.
Na tena: sinagogi, tuliyouziwa na wenyewe
walipohamia vitongojini,
nyota zao za pembe sita zingali madirishani.
Hatukuziondoa.
Nani huvunja taa aliyoachiwa?

Leo tu arobaini na wawili, kwaya ikiwemo.
Kampuni imeleta barua, ya pili mwezi huu,
sifuri zimepangana kama mabehewa.
Mimi ndimi karani. Nimeandika: imepokelewa.

Musa aliiona nchi toka Nebo, akafia huko huko.
Utotoni nilidhani jina letu ni kosa.
Nani huipa nyumba yake jina
la mahali mtu alipokomea njiani?

Jumapili iliyopita mlango ulifunguka, theluji ikaingia,
na nyuma ya theluji kijana,
kitukuu cha Ezell, pua ile ile,
hajui lolote.
Akavua jaketi lake la manjano, linachuruzika,
akatafuta pa kuliweka,
akalitundika kwenye kulabu
huku akipiga mluzi.

Nikafungua daftari. Kalamu ikasimama kitambo.
Kisha nikaandika:
"Theluji nyingi.
Koti moja, limetundikwa."