Tano Mbili

Jumatano, baada ya alasiri, umeme umekatika Kibokoni.
Panka limekwama juu yetu
kama mtu aliyesahau alilotaka kusema.
Watoto kumi na tisa, misahafu juu ya marufaa,
mafuta ya viazi karai yangali vidoleni.

Nasomesha sira. Nimefika pangoni:
mtu wa miaka arubaini, peke yake, usiku,
anaambiwa Soma, naye hajui kusoma.
Hapo nyamaza kidogo, marehemu baba alinifunza,
pango halipitwi mbio.
Nanyamaza.
Nje mkokoteni wa maji unapita, mitungi inagongana.

Akashuka mlimani anatetemeka.
Nifunikeni, akasema, na mkewe akamfunika.
Wa kwanza kumsadiki ni mwanamke, tena mfanyibiashara.
Hili nalisema mara mbili kwa wasichana wa safu ya nyuma,
na mara ya tatu kwa wavulana.

Mwanaesha wa Shekuwe ainua mkono:
"Mwalimu, Mtume alijua Kiswahili?"

Darasa zima kicheko. Badi, mwana wa fundi saa,
anajipiga paja: "Angekijuaje, naye Mwarabu!"

Mimi sikucheka. Hesabu, nikamwambia.
Moja, mbili, tatu, nne, tano.
Hizo zetu, za bibi wa bibi zetu,
zilikuwa hapa kabla ya adhana ya kwanza.
Sita, saba.
Hizo zimeshuka na wageni.
Nane?
Mwenyeji amerudi kuchungulia.
Tisa?
Mgeni tena.
Kumi.
Mlango kaufunga mwenye nyumba.

Nguzo za Uislamu ngapi? Tano!
Za imani? Sita!
Basi sikizeni: tumeswali kwa kidole chetu,
tukaamini kwa kidole cha kuazima,
na mkono ukawa mmoja.

Leo siku gani? Jumatano. Tano.
Na kesho? Alhamisi,
nayo kwa Kiarabu ni ya tano.
Wiki yetu ina tano mbili
zimelala ubavu kwa ubavu, ukuta mmoja,
na hapana iliyomwambia mwenziwe hama.

Nikarudi Makka, kwenye mawe na matusi.
Walipozidiwa, wa kwanza kukimbia
hawakukimbilia Madina.
Walivuka bahari, wake kwa waume, wakashuka Habash.
Mfalme Mkristo akasomewa habari za Maryamu,
akalia mpaka ndevu zikalowa,
na hakuwatoa.

Badi kanyoosha mgongo: "Kumbe sisi ndio tuliowafungulia!"
Habash si Mvita, nikamwambia, usivae kanzu ya mwenzio.
Lakini sikumwambia akae chini.

Kuna jambo sikulisema, maana wangali wadogo.
Mji huu una watu waliohifadhi nasaba ndani ya bahasha,
jina juu ya jina hadi Hijazi.
Yangu inakomea kwa Mwanakombo wa Jomvu, msuka mikeka.
Na babu yake baba aliitwa mtumwa
na mtu aliyeswali naye bega kwa bega,
juu ya mkeka uliosukwa na Mwanakombo.
Mkeka ule hatujautupa. Umechanika pembeni.

Nilichosema ni hiki:
sauti ya kwanza kuwaita watu kwenye swala
ilikuwa ya Mhabeshi aliyewekewa jiwe kifuani.
Basi. Fungeni misahafu.

Umeme ukarudi. Panka likakumbuka neno lake,
kurasa zikapepea, wadogo wakashangilia.
Wakatoka wakisukumana, kiatu kimoja kikabaki.

Mwanaesha yuko mlangoni, vidole vyote kumi hewani.
"Mwalimu, na sifuri?"
Ya kwao, nikasema.
Akafikiri, kakunja uso kama mwenye duka.
"Kwa hivyo kabla hawajaja
hatukuwahi kukosa kitu?"

Nenda, mwanangu.
Nenda katawadhe.